Mlioko ughaibuni, hivi digrii na CPA ya Bongo inahesabika huko au kila mtu anaanzia boksi?

Ngosha_wa_Buswelu

Wakuu habari za jioni, shikamooni wakubwa. Naomba mnisomee mpaka mwisho maana jambo lenyewe ni zito, mimi na mama watoto wiki ya tatu hii hatulali vizuri.

Mimi ni mhasibu, miaka 36, nina CPA(T), cheti cha uhasibu cha Bongo, na nimefanya kazi kampuni binafsi hapa Mwanza miaka tisa, mke wangu ni nesi wa diploma, yuko wodi ya wazazi. Watoto wawili. Hatulali njaa ila ndio hivyo, mshahara ukiingia tarehe 28, ikifika tarehe 10 tumeshaanza kukopeshana wenyewe kwa wenyewe humu ndani. Sasa kuna ejenti yuko Dar, tumeunganishwa naye na rafiki wa shemeji, anasema ana nafasi za kea Uingereza, kuhudumia wazee, CoS (hati ya mwajiri ya kuombea viza) ipo tayari, anataka milioni 16 kwa mtu mmoja halafu huyo mmoja akishafika anaita familia. Tuna kiwanja Buswelu na tayari kuna mtu kaja kukiangalia mara mbili, mara ya pili kaja na futi kabisa.

Ninachouliza sio ejenti tu. Nataka kujua soko la kazi la huko lenyewe linampokeaje mtu kama mimi. Nasikia watu wenye masta wanaosha wazee, nasikia wengine wamejenga Goba kwa hiyo hiyo kazi ya kuosha wazee, sasa sijui nishike lipi. Mtu anaenda na vyeti vyake anaanzia wapi, na anakaa huko chini muda gani kabla hajapanda? Na kinachomshika chini ni nini hasa, rangi, lugha, vyeti, au nini? Anayejua kwa kuyaishi aniambie ukweli hata kama unauma.

MamaJamila_Leeds

Marahaba kaka yangu. Kabla ya yote mwambie huyo wa futi asubiri.

Mlango wa kea kwa mtu anayetokea nje ya Uingereza ulifungwa tarehe 22 Julai 2025. Umefungwa kwelikweli, hakuna mwajiri anayeweza sasa hivi kumuombea mtu wa Mwanza viza kwa kazi ya kea. Na hata kabla haujafungwa, tangu 11 Machi 2024 mtu wa kea alikuwa haruhusiwi kuja na mume, mke wala watoto, kwa hiyo hilo la "akishafika anaita familia" ni maneno ya zamani anayauza kama mapya. Na CoS haiuzwi, gharama yake ni ya mwajiri kisheria, anayekuuzia wewe ni mwizi au anashirikiana na mwizi, hakuna wa tatu.

Sasa nikujibu ulichouliza. Mimi nilikuja mwishoni mwa 2022, Februari ya mwaka ule ndio walikuwa wameiingiza kea kwenye orodha ya kazi zenye upungufu wa watu, ikawa mlango uko wazi. Bongo nilikuwa mwalimu wa sekondari, Kemia na Baiolojia, miaka kumi na moja natafuna chaki. Nilimlipa mtu, kiasi sitakitaja maana bado kinaniuma. Kufika huku kampuni iliyonileta iliyoniahidi masaa 39 kwa wiki ikaanza kunipa 15, wiki nzuri 20. Kazi yenyewe ni ya kuzunguka nyumba kwa nyumba. Saa kumi na mbili asubuhi giza totoro, baridi inakata masikio, unafungua kile kisanduku cha ufunguo ukutani kwa namba, unaingia unasalimia huku unavaa glovu, unamwinua bibi kwa mashine, unamuosha, unambadilisha, unampa dawa unasaini, unamwekea chai na mkate, dakika 30 zimeisha unabonyeza simu kwamba umetoka, unakimbilia kwa mwingine. Ile simu ilikuwa inahesabu dakika za ndani ya nyumba tu. Njiani hawakunilipa. Natoka nyumbani saa kumi na moja na nusu alfajiri narudi saa nne usiku, nalipwa masaa saba. Baadaye sana ndio nikaja kujua sheria inataka muda wa kutoka kwa mgonjwa mmoja kwenda kwa mwingine uhesabiwe kwenye kima cha chini (hicho kima Aprili 2025 kilikuwa paundi 12.21 kwa saa), ila hata ningejua mapema ningemwambia nani? Aliyelalamika alitolewa kwenye rota, na viza yake ipo kwao.

Hapa naomba usome taratibu kaka. Kilichonishika chini haikuwa kuosha wazee. Kuna bibi mmoja nilimhudumia mpaka siku anafariki, alikuwa ananishika mkono ananiita mwanangu, ile kazi siwezi kuidharau hata siku moja. Kilichonishika ni kwamba karatasi yangu ya kukaa nchini ilikuwa imefungwa kwa mwajiri mmoja. Kazi za kea zilikuwa zimejaa, matangazo mpaka kwenye mabasi, ila mimi siwezi kwenda mpaka nipate mwingine mwenye leseni ya kusponsa. Mwajiri akishajua huwezi kuondoka anakufanya anavyotaka.

2024 ikaja barua. Leseni ya kampuni imefutwa, nina siku 60 za kupata sponsa mwingine au niondoke. Na sikuwa peke yangu, serikali yao wenyewe walitangaza kwamba kati ya Julai 2022 na Desemba 2024 walifuta leseni zaidi ya 470 za waajiri wa kea, fikiria ni watu wangapi waliokuwa chini ya hizo leseni, watu hawana kosa lolote. Nililala na ile barua chini ya mto kama hirizi. Siku ya 51 nikapata nyumba moja ya wazee, shifti za masaa 12, wananilipa kila saa na likizo yangu napata, hapo ndio nikaanza kuishi. Ila ile miaka miwili ndio imekwenda, na ualimu wangu uko kwenye bahasha kabatini.

Mkeo ni nesi kaka. Asikubali kamwe kuja nchi yoyote kama msaidizi wa nesi eti atajirekebisha mbele kwa mbele. Nimefanya kazi na manesi wa Kizimbabwe, Kinaijeria, Kikenya waliokuja kama kea wakidhani watabadilisha ndani ya mwaka, wapo mpaka leo, shifti zimewala hata muda wa kusoma mtihani hawana.

Chuma_cha_Kimara

Dada MamaJamila pole sana kwa yaliyokukuta, kwa kweli inasikitisha. Lakini tusiwatishe watu kupita kiasi. Mimi niko Birmingham mwaka wa 14 huu, kea hiyo hiyo imenisomeshea wadogo zangu watatu na nyumba ipo Goba, kodi nalipa, naheshimika kazini, sasa hivi ni kiongozi wa shifti. Huku ukijituma unatoka, tatizo vijana wengi wanakuja na vyeti kichwani hawataki kushika kazi.

MamaJamila_Leeds

Kaka Chuma, samahani nikuulize kwa heshima, wewe ulikuja kwa viza gani?

Chuma_cha_Kimara

Viza ya mke dada, mama watoto ni raia wa hapa.

MamaJamila_Leeds

Basi ndio hapo hapo kaka yangu. Wewe bosi akikuzingua Ijumaa, Jumatatu uko kampuni nyingine na hakuna anayekuuliza. Kujituma hata mimi nilijituma. Kazi moja, mji unaweza kuwa mmoja, ila wewe ulikuwa na mguu wa kuondokea na mimi sikuwa nao.

Chuma_cha_Kimara

Hapo umenigusa. Kusema kweli sikuwahi kuliangalia hivyo.

Mhandisi_Scarborough

Ngosha mdogo wangu, mimi niko Kanada, nitakujibu upande wa vyeti maana hilo ndilo lililonitesa.

Nilikuja 2018 kwa Express Entry, ule mfumo wa pointi wa uhamiaji wa Kanada, yaani nimeshuka uwanja wa ndege nikiwa mkazi wa kudumu, hakuna mwajiri anayenishika shati. Kwa hilo namshukuru Mungu maana ya dada hapo juu sikuyapitia. Digrii yangu ya uhandisi ujenzi ilipelekwa WES, shirika la kulinganisha vyeti, wakasema sawa na bachela ya Kanada. Nikaona kazi imeisha. Kumbe ile karatasi ya WES ni ya kukupa pointi za uhamiaji, mwajiri haimhusu sana na chama cha wahandisi haiwahusu kabisa. Uhandisi huku ni taaluma ya leseni na kila jimbo lina chombo chake, na Ontario wakati ule walitaka lazima uwe na angalau miezi 12 ya uzoefu wa Kanada chini ya mhandisi mwenye leseni. Sasa uzoefu wa Kanada utaupata wapi kama hakuna anayekuajiri kwa sababu huna uzoefu wa Kanada? Nilizunguka kwenye hilo duara miaka mitatu. Nilikuwa nimesimamia kilomita 60 za lami Bongo, huku niko ghala moja Mississauga karibu na uwanja wa ndege, shifti ya usiku, napanga maboksi kwenye paleti nayafunga na nailoni. Lile neno la kubeba boksi tunalolitumia kwa utani, mimi nililibeba kwa mikono yangu.

Nilituma maombi 140 hivi, naandika kwenye daftari. Simu nilipigiwa mbili. Halafu mshauri mmoja wa wahamiaji akaniambia CV yangu niweke jina la ubatizo mbele na la ukoo nilifupishe. Nilikataa, nikarudi nyumbani nimekasirika. Baada ya miezi nikafanya, na wiki ile ile simu mbili. Bado haliniingii moyoni mpaka leo, jina ni la babu yangu. Na sio hisia zangu tu, kuna mchumi wa hapa Toronto, Philip Oreopoulos, alituma CV za majaribio maelfu kwa waajiri, sifa zile zile shule zile zile za Kanada, tofauti ni jina tu, wenye majina ya Kiingereza waliitwa kwa kiasi cha asilimia 40 zaidi ya wenye majina ya Kichina, Kihindi au Kipakistani. Utafiti ulichapishwa 2011. Kwa hiyo umeuliza kama ni rangi au vyeti, jibu ni kwamba vyote vipo, ila vyeti na leseni angalau unaweza kuvipigania.

Mambo yamelegea kidogo. Mei 2023 chombo cha wahandisi wa Ontario kiliondoa lile sharti la uzoefu wa Kanada, na mimi leseni nikaipata mwaka uliofuata, sasa hivi nasaini michoro kwa jina langu lote. Na kuanzia Januari 2026 sheria ya Ontario inamkataza mwajiri mwenye wafanyakazi 25 au zaidi kuandika "uzoefu wa Kanada" kwenye tangazo la kazi. Ila huko kwenye milango napo wamebana, 2024 walitangaza kupunguza idadi ya wakazi wapya, na Machi 2025 wakaondoa pointi za barua ya ajira kwenye Express Entry. Anayejua Kifaransa ana nafasi kubwa zaidi, ndugu zetu wa Kongo na Burundi mlioko humu msilichukulie poa hilo, kuna michujo maalum ya wanaojua Kifaransa.

Kwa uhasibu wako ushauri wangu ni mmoja, anza ACCA, cheti cha uhasibu cha Uingereza, ukiwa hapo hapo Mwanza. Watu wenye CPA wana utaratibu wa kusamehewa baadhi ya karatasi, na mitihani inafanyika Tanzania. CPA(T) ni nzuri ila mwajiri wa huku inabidi aitafute ni nini, ACCA anaijua. Mimi ningekuwa nimejua hili la leseni kabla sijapanda ndege nisingekaa ghalani miaka mitatu.

Ngosha_wa_Buswelu

Asanteni sana, nasoma kila neno na mke wangu kakaa pembeni. Anauliza, wale manesi waliofanya utaratibu kama manesi moja kwa moja ikoje? Na Ujerumani vipi, huku redio zinasema wanataka watu laki na zaidi.

SistaBremen

Habari zenu watu wangu wa Bongo, mimi ni Mkenya, nimetoka Nakuru, niko Bremen tangu 2021. Hiyo stori ya malaki ya kazi wacha niisafishe kwanza. Septemba 2024 rais wetu alikuja Berlin wakasaini makubaliano na Chansela Scholz, magazeti yakaandika kazi 250,000 kwa Wakenya, na siku hiyo hiyo wizara ya mambo ya ndani ya Ujerumani ikasema makubaliano hayana namba yoyote ndani. Hakuna kota. Masharti ya viza ni yale yale, kile makubaliano yanafanya ni kurahisisha njia. Watu wengi kwetu walilipa ejenti juu ya hiyo namba, na inaniuma sana.

Sasa mama, nikuongeleshe wewe mwenyewe kama dada. Mimi ni KRCHN, yaani nesi aliyesajiliwa Kenya, diploma kama yako. Vile nilifika hapa nilikuwa na Kijerumani cha B1 (kiwango cha kati), nikadhani niko sawa. Hapa unesi hauwezi kuufanya mpaka cheti chako kitambuliwe na jimbo, wanaita Anerkennung. Wanachukua masomo yako wanayalinganisha na yao saa kwa saa, nadharia saa ngapi, wodini saa ngapi, kisha wanakuandikia barua ya kile kimepungua, halafu unachagua, ufanye mtihani au uingie mafunzo ya kujazia. Kabla ya hapo unafanya kazi kama msaidizi na unalipwa kama msaidizi. Mimi nilikaa msaidizi miezi 14.

Na siri ni lugha. Sio lugha ya darasani. Saa kumi na mbili asubuhi ile zamu ya usiku inakabidhi, wanaongea haraka, wanakata maneno, mgonjwa wa chumba cha nne alikuwa na nini usiku, mimi nashika nusu. Kuna mzee wa kijijini alikuwa anaongea ile lahaja yao ya huku kaskazini, aliniambia kitu mara tatu, nikatingisha kichwa tu, kumbe alikuwa anasema kifua kinamuuma. Mwenzangu ndiye alimsikia. Alipona, lakini mimi nilienda chooni nikalia, nikajiambia kutoka leo sitingishi kichwa kama sijaelewa. Hapo ndio nilianza kusoma kweli, baada ya shifti, hadi nikapata B2, ngazi inayofuata.

Vile karatasi ilitoka maisha yalibadilika mwezi huo huo. Kima cha chini cha kazi za uuguzi wa wazee hapa Julai 2025 kilikuwa yuro 16.10 kwa saa kwa msaidizi asiye na mafunzo na 20.50 kwa muuguzi kamili, na waajiri wengi wanapita hapo. Ni mikono ile ile, wagonjwa wale wale, tofauti ni karatasi moja. Lakini pia mjue makato, ushuru na bima na pensheni zinakula karibu theluthi, usipigie hesabu ule mshahara wa juu. Na muuguzi aliyetambuliwa anaweza kuomba makazi ya kudumu baada ya miaka mitatu.

Kitu kingine cha nyinyi Watanzania. Tanzania iko kwenye ile orodha ya Shirika la Afya Duniani ya nchi zenye upungufu wa wahudumu wa afya, Kenya haimo kwa ile ya 2023. Kwa hivyo ejenti wa kutoka Ujerumani haruhusiwi kuja Tanzania kuvuna manesi, Uingereza nao ni hivyo. Lakini muuguzi mwenyewe kuomba kazi kwa mkono wake hajakatazwa. Ejenti akikuambia yeye ndiye njia ya pekee anakudanganya.

MamaJamila_Leeds

Naongezea hapo kwa upande wa huku. Uliofungwa ni mlango wa kea, wa manesi haujafungwa. Nesi anahitaji mtihani wa Kiingereza, IELTS 7 (uandishi 6.5) au OET, halafu mtihani wa kompyuta wa NMC, bodi ya manesi ya huku, ambao unaufanya kabla hujaja, halafu wa vitendo unaufanya huku. Ni mrefu na una gharama, ila anakuja na jina lake la kazi.

MtotoWaMakere

Salaam kwenu nyote. Mimi ni Mkongomani wa Fizi, ila nimelelewa Nyarugusu hapo Kasulu, ndio maana Kiswahili changu cha Kigoma. Niko Iowa, Marekani, tangu 2016, tulikuja kama wakimbizi. Mimi sikuwa na digrii, nilikuwa na cheti cha sekondari ya kambini tu, lakini nadhani nina jambo la kumwambia Ngosha.

Wiki ya sita tangu tufike niko kiwanda cha nyama. Hawaulizi Kiingereza, wanakupa glovu ya minyororo ya chuma, kisu, aproni, wanakusimamisha kwenye laini. Baridi ndani kama friji. Nyama inapita mbele yako, una kata moja tu unayoikata, hiyo hiyo, maelfu kwa siku. Jioni vidole havikunjuki, mama alikuwa ananimwagia maji ya uvuguvugu mikononi ndio nishike kijiko. Na tiketi ya ndege iliyotuleta ilikuwa ni mkopo, tunalipa kidogo kidogo kila mwezi.

Nilifanya miaka mitatu. Lakini mkimbizi huku anafika akiwa na ruhusa ya kufanya kazi popote, na baada ya mwaka mmoja anaomba grin kadi. Kwa hiyo niliposikia wenzangu wanajifunza lori, nilienda kwa bosi nikamwambia naacha, akanipa mkono tukaagana. Basi. Nilisoma Kiingereza jioni kwenye chuo cha jamii, nikapata leseni ya lori, sasa naendesha, na kipato kimepita mara mbili ya kile cha kisu. Na hapo lugha tena, tangu Juni 2025 dereva wa lori akisimamishwa barabarani akashindwa kuongea au kusoma alama kwa Kiingereza wanamzuia kuendelea hapo hapo. Nina rafiki yamemkuta.

Ila nimtaje mjomba wangu. Kongo alikuwa muuguzi, kambini alikuwa anazalisha akina mama usiku na mchana, watoto wangapi wa Nyarugusu wamepita mikononi mwake. Alifika hapa na miaka 52. Vyeti vilibaki vitani. Yuko kiwandani mpaka leo, laini ile ile. Akikata nyama anakata kama anapasua, vizuri, taratibu, msimamizi anamfokea aongeze kasi. Mimi nilikuwa kijana nilitoka, yeye umri na zile karatasi vilimfungia. Kwa hiyo Ngosha usichelewe na wala usiende bila karatasi zako zote, nakala zake, mihuri yake, kila kitu.

Mwl_Changanyikeni

Nachangia kwa ufupi, mimi nafundisha uchumi. Swali la muda gani mtu anakaa chini watafiti wamelisumbukia miaka mingi. Barry Chiswick mwaka 1978 alionyesha kwa takwimu za wanaume wahamiaji Marekani kwamba wanaanza na kipato cha chini kuliko wenyeji halafu kama miaka 13 hivi wanawafikia. George Borjas 1985 akamjibu kwamba pale umechanganya watu waliokuja miaka tofauti, waliokuja baadaye walianza chini zaidi, kwa hiyo kupanda kwenyewe ni polepole kuliko alivyoonyesha mwenzake. Kwa hiyo ule mstari wa kupanda upo, ila haupandi wenyewe, ukiwasoma watu wa humu utaona walipanda pale lugha, leseni au ruhusa ya kuhama kazi ilipopatikana. Na Ulaya takwimu za Eurostat zinaonyesha kati ya raia wa nje ya Umoja wa Ulaya wenye elimu ya juu wanaofanya kazi, karibu 4 kati ya 10 wako kwenye kazi isiyohitaji elimu hiyo, wenyeji ni kama 2 kati ya 10. Sio uvivu wala bahati mbaya ya mtu mmoja mmoja.

Na kuhusu ejenti, waulize TaESA, wakala wa serikali wa huduma za ajira, kama wanamtambua. Ni bure.

Ngosha_wa_Buswelu

Wakuu nimerudi. Nimelipima alilosema dada wa Leeds, nimempigia ejenti nikamuomba jina la kampuni inayosponsa nilitafute kwenye ile orodha ya serikali yao ya wenye leseni. Akasema jina ni siri mpaka nilipe nusu. Nikamuuliza kuhusu Julai 2025, akasema "hiyo ni kwa wasio na koneksheni". Nikakata simu. Leo asubuhi nimemwambia mnunuzi kiwanja hakiuzwi, kakasirika kidogo, nimemlipia nauli yake ya bodaboda mara zote mbili.

Mke wangu amesema hili nisiliandike ila naliandika. Jana usiku alisoma ile ya mjomba wa Makere akanyamaza muda mrefu, halafu akaenda kutoa vyeti vyake vyote kwenye begi akavipanga kitandani, kimoja kimoja, akakuta leseni yake imekunjika pembe akaanza kuinyoosha kwa kiganja. Amesema anataka kwenda, ila kama nesi, na ikichukua miaka miwili ichukue. Mimi naanza na ACCA. Sista, Kijerumani aanzie wapi na kitu gani cha kwanza cha kufuatilia?

SistaBremen

Mpe pole na pongezi zangu. Lugha, hapo Dar kuna Goethe, aulize kama kuna masomo ya mtandaoni asikae mbali na watoto, na asipange kusafiri chini ya B2 hata wakimwambia B1 inatosha.

Kitu cha kwanza kabisa ni chuo alikosoma. Aombe mchanganuo wa masaa ya kila somo na kila wodi, sio matokeo tu, masaa, kwa barua ya chuo yenye muhuri na sahihi. Wauguzi wengi hawajui kama hiyo karatasi ipo. Mimi chuo changu kiliichelewesha miezi mitano na ile miezi mitano yote nilikuwa nafuta sakafu. Aende akaiombe wiki hii, na akiipata anitumie PM nimuangalizie kabla haijaenda kutafsiriwa.

Ngosha_wa_Buswelu

Chuo kiko Bugando hapa hapa. Ijumaa ana ofu, anakwenda.